Kamera Inapoingia Nyumbani

Kibagabaga ni mtaa ulioko kilimani, upande wa kaskazini-mashariki wa mji wa Kigali, katika Sekta ya Kimironko, Wilaya ya Gasabo. Watu wengi wa Kigali wanaujua kwa sababu ya hospitali yake. Si mbali na hapo liko soko la Kimironko, ambamo akina mama huuza maharage, ndizi na kisamvu, na mafundi cherehani hushona vitenge kutwa nzima. Nyumba zimejipanga kwenye miteremko, nyingine kubwa zenye kuta na malango ya chuma, nyingine za vyumba vichache tu. Alfajiri pikipiki za abiria hupanda na kushuka, wauguzi waliokesha hurudi makwao, na watoto waliovaa sare huelekea shuleni.

Mgeni akipita mtaani hapo ataona barabara, kuta na mapaa. Hataona kazi iliyoitangulia alfajiri hiyo: maji yaliyotekwa, jiko lililowashwa, sare iliyopigwa pasi, mtoto mchanga aliyenyonyeshwa, mzee aliyepewa dawa. Kazi hiyo haina karani wa kuiandika wala mshahara wa mwisho wa mwezi. Ndiyo kazi ambayo watengenezaji wa filamu za hali halisi, yaani filamu zinazoonyesha watu wa kweli katika maisha yao ya kweli, wamekuwa wakiitafuta katika nchi zetu za Afrika Mashariki. Swali tunalopenda kulieleza leo ni hili: kamera ikiingia nyumbani, ikae wapi, ikae kwa muda gani, na picha zake ziwe mali ya nani? Katika Rwanda swali hilo lina uzito wa pekee, na sababu yake yafaa ielezwe kwanza.

PICHA ILIYOPIGWA KUTOKA JUU

Mwezi wa Aprili mwaka 1994, katika siku za mwanzo za mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi, mpiga picha wa Kiingereza, Nick Hughes, alikuwa juu ya jengo la shule ya Kifaransa mjini Kigali. Kutoka hapo, kwa lenzi ya kuvuta vitu vya mbali, alinasa watu wakiuawa barabarani katika mtaa wa Gikondo. Picha hizo ni miongoni mwa chache sana zinazoonyesha mauaji yenyewe yakitendeka, nazo zilionyeshwa na televisheni za nchi nyingi kwa miaka mingi. Waliozitazama waliona watu wadogo kwa mbali, katikati ya maiti, wakiomba wasiuawe. Hawakujua majina yao. Hawakujua walikuwa watoto wa nani, walifanya kazi gani, wala ni nani aliyekuwa akiwangoja nyumbani.

Katika filamu iitwayo Iseta, iliyotoka mwaka 2008, na ambayo Mnyarwanda Eric Kabera alishiriki kuitengeneza, Hughes alirudi Kigali. Picha zile zilipelekwa Gikondo kwenyewe, zikaonyeshwa kwa wakazi. Hapo ndipo ilipojulikana kuwa miongoni mwa waliouawa walikuwamo baba na binti yake. Kwa zaidi ya miaka kumi ulimwengu ulikuwa umezitazama picha zile bila kujua ni za nani. Zilipofika kwa majirani, marehemu wakapata tena majina yao na ukoo wao.

Hapa hatumlaumu mpiga picha aliyekuwa juu ya jengo. Bila yeye ushahidi ule usingalikuwapo, na kwa hatari iliyokuwapo hakuwa na mahali pengine pa kusimama. Lakini tukio hilo latuonyesha mpaka wa picha ya mbali. Yaweza kuthibitisha kwamba mtu alikufa. Jinsi alivyoishi, na kazi aliyoifanya asubuhi ya siku ile, hayo wanayajua watu wa nyumbani kwake na majirani zake.

WANYARWANDA WASHIKA KAMERA WENYEWE

Eric Kabera alizaliwa mwaka 1970 katika nchi ambayo leo ni Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Pamoja na Hughes alitengeneza filamu ya hadithi iitwayo 100 Days, iliyotoka mwaka 2001, nayo ilikuwa ya kwanza ya aina yake kueleza mauaji ya kimbari. Mwaka 2004 akatoa filamu ya hali halisi, Keepers of Memory. Humo waonekana watu walionusurika ambao kazi yao ya kila siku ni kutunza mahali pa kumbukumbu, palipolazwa mabaki ya jamaa zao. Wanafagia, wanafungua milango, wanawapokea wageni na kuwasimulia. Kazi hiyo ya mikono, inayorudiwa kila siku, ndiyo inayomweleza mtazamaji jambo ambalo hotuba isingeweza kulieleza.

Kabera pia alianzisha kituo cha sinema cha Rwanda, na baadaye chuo cha filamu mjini Kigali kilichopewa jina la Kiswahili, Kwetu. Mwaka 2005 tamasha la filamu la Rwanda lilianza kutoka mjini na kwenda vijijini. Skrini kubwa ya kujazwa upepo ilisimamishwa uwanjani, na wanavijiji walikusanyika jioni kutazama filamu zinazozungumza Kinyarwanda. Kwa wengi wao ilikuwa mara ya kwanza kuwaona watu wa lugha yao katika skrini kubwa, wakilima, wakigombana, wakioana na kucheka kama wanavyofanya wao.

Mfano mwingine ni wa Anne Aghion, mtengenezaji filamu wa asili ya Kifaransa na Kimarekani, ambaye kwa karibu miaka kumi alirudi tena na tena katika jumuiya moja ya kilimani huko Rwanda. Alikuwa akifuatilia mahakama za gacaca, zilizofungwa rasmi mwezi wa Juni mwaka 2012. Filamu yake My Neighbor My Killer iliteuliwa kuonyeshwa katika tamasha la Cannes mwaka 2009. Nguvu ya filamu hiyo haiko katika hukumu peke yake. Iko katika kuwaona wajane wakiendelea kulima, kupika na kuteka maji huku aliyewaulia watu wao amerudi kutoka gerezani na anaishi ng'ambo ya shamba. Mtu aliyefika kwa siku tatu angeandika kuhusu msamaha. Aliyekaa miaka kumi aliona kwamba msamaha, kama upo, waishi humo humo kati ya jembe na sufuria, na kwamba siku nyingine haupo kabisa.

SINEMA YA KUFUNDISHA NA SINEMA YA KUSIKILIZA

Haikuwa hivyo tangu mwanzo. Mwaka 1922 Mmarekani Robert Flaherty alitoa Nanook of the North, filamu maarufu juu ya familia ya wawindaji wa nchi ya barafu huko Kanada. Watu waliisifu kwa ukweli wake. Hata hivyo mwanamke aliyeonyeshwa kuwa mke wa Nanook hakuwa mkewe, na nyumba yao ya barafu ilijengwa nusu tu ili mwanga upate kuingia. Kwa hiyo tangu filamu za namna hiyo zilipoanza, familia imekuwa ikipangwa upya ili impendeze mtazamaji wa mbali.

Kwetu Afrika Mashariki, kati ya mwaka 1935 na 1937, serikali za kikoloni ziliunga mkono mradi wa sinema ya elimu uliokuwa na makao yake Vugiri, katika milima ya Usambara, Tanganyika. Mradi huo ulitengeneza filamu 35, na lori likazizungusha kuzionyesha kwa wananchi. Zilifundisha kilimo bora, usafi, na hata kuweka akiba katika benki ya posta. Yamo mafunzo ya maana katika filamu hizo. Lakini mwanamke wa kijijini alionyeshwa kama mtu anayekosea mpaka aelekezwe. Haikuwa desturi kumwuliza kwa nini analifanya jambo kwa njia ile.

Mabadiliko yalikuja polepole. Mwaka 1968 David na Judith MacDougall, mume na mke, walikwenda Karamoja nchini Uganda wakakaa na wafugaji wa Kijie. Filamu yao To Live with Herds ilitoka mwaka 1972. Badala ya sauti ya mtu mmoja kueleza kila kitu kutoka juu, waliwaacha wafugaji wazungumze kwa lugha yao, na maneno yao yakatafsiriwa kwa maandishi chini ya picha. Baadaye walikwenda Turkana, Kenya, na katika A Wife Among Wives ya mwaka 1981 tunawasikia wanawake wa huko wakiieleza wenyewe ndoa ya wake wengi. Jambo hilo laonekana dogo leo. Wakati ule lilikuwa jipya: mwenye nyumba alipewa nafasi ya kuisema nyumba yake.

GHARAMA HULIPWA NYUMBANI

Katika miaka ya karibuni watengenezaji filamu wa Afrika Mashariki na Kongo, pamoja na wageni wachache waliofanya kazi nao, wametuonyesha jambo ambalo kurasa hizi za nyumbani zina haki ya kulisema kwa sauti. Kazi ya nje ambayo watu huisifu hadharani ina gharama, na mara nyingi gharama hiyo hulipwa ndani ya nyumba.

Dieudo Hamadi, mzaliwa wa Kisangani, alitoa filamu Maman Colonelle mwaka 2017. Yamhusu Honorine Munyole, kanali wa polisi anayewalinda wanawake na watoto waliodhulumiwa. Filamu yaanza anapohamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani. Tunamwona akiwasikiliza wanawake walioumizwa katika vita vya siku sita vya mwaka 2000, na akiwaokoa watoto waliotuhumiwa uchawi. Lakini pia tunamwona akifunga mizigo, akiingia katika nyumba mpya iliyochakaa, akiwapanga watoto wake, maana yeye ni mjane na mama. Sare ya polisi haimwondolei kazi ya jikoni. Anazifanya zote mbili, na filamu inatuacha tuhesabu wenyewe saa zake za kulala.

Nchini Kenya, Sam Soko alimfuata kwa miaka kadhaa Boniface Mwangi, mpiga picha za magazeti aliyegeuka mtetezi wa haki na kugombea ubunge wa Starehe mwaka 2017. Filamu hiyo, Softie, ilitoka mwaka 2020. Huenda mtazamaji akadhani itakuwa filamu ya maandamano na kura. Yamo hayo. Ila swali gumu kuliko yote laulizwa na mkewe, nalo ni la nyumbani: kati ya nchi na familia, kipi kitangulie? Vitisho vilipozidi, mama na watoto walilazimika kuondoka kwenda Marekani, na baba akabaki na kampeni yake.

Mfano wa tatu wampendeza zaidi mwandishi wa makala hii, kwa sababu kamera yenyewe ilibadili mikono. Mtengenezaji filamu wa Norwe, Julia Dahr, alikutana na mkulima wa Ukambani, Kisilu Musya, akampa kamera ajipige picha mwenyewe pamoja na familia yake. Kwa miaka mitano hivi mkulima huyo aliandika kwa picha ukame, mvua za ghafla, na dhoruba iliyoibomoa nyumba yake. Filamu iliyotokana na kazi hiyo, Thank You for the Rain, ilitoka mwaka 2017. Kisilu akawa kiongozi wa wakulima wenzake, akafika hadi Paris kwenye mkutano wa hali ya hewa wa mwaka 2015. Katika safari hizo shamba halikwenda naye. Lilibaki, na watoto wakabaki, na mama ndiye aliyekuwapo.

ANAYESIMAMA PEMBENI MWA PICHA

Sasa turudi Kibagabaga. Mtengenezaji filamu atakayetaka kuonyesha kazi na maisha ya familia katika mtaa kama huu atakaribishwa sebuleni. Baba atavaa shati safi. Mama atatandika kitambaa mezani. Watoto wataambiwa wakae kimya. Picha itakuwa nzuri, nayo itakuwa imekosa kitu kikubwa.

Katika nyumba nyingi za miji yetu, Kigali kama Dar es Salaam, Nairobi au Kampala, yupo mtu wa kwanza kuamka na wa mwisho kulala ambaye hajaitwa sebuleni. Kwa Kinyarwanda huitwa umukozi wo mu rugo, yaani mfanyakazi wa nyumbani. Mara nyingi ni kijana aliyetoka kijijini. Ndiye aliyepika chakula kitakachopigwa picha, na ndiye aliyembeba mgongoni mtoto atakayepakatwa na mama mbele ya kamera. Filamu juu ya kazi ya familia isiyomwonyesha yeye ni filamu juu ya samani. Na ikimwonyesha bila idhini yake, kwa kuwa mwenye nyumba amekwisha kubali, itakuwa imemfanyia lile lile lililomleta pembeni.

Jambo hili si la hisani. Shirika la Kazi Duniani lilipitisha mwezi wa Juni mwaka 2011 mkataba unaotamka kwamba mfanyakazi wa nyumbani ni mfanyakazi kama wengine, mwenye haki ya mapumziko na masharti ya kazi yanayoeleweka. Sheria ya kazi ya Rwanda ya mwaka 2018 imeweka miaka 16 kuwa umri wa chini wa kuajiriwa. Kamera iliyokaa kwa uaminifu jikoni, saa kumi na moja alfajiri na saa nne usiku, yaweza kuuliza kuhusu umri na mapumziko bila kutamka neno. Labda ndiyo sababu wengine hupenda ikae sebuleni.

Hali kadhalika baba wa nyumba asionyeshwe akitoka langoni asubuhi na kurudi jioni tu. Mwanamume anayemwogesha mtoto, anayesonga ugali mkewe akiwa zamu ya usiku hospitalini, yupo, ingawa huenda akaona haya kuonwa na wenzake. Rwanda imepiga hatua kubwa katika sheria: tangu sheria ya mwaka 1999 watoto wa kike wana haki ya kurithi sawa na wa kiume, na katika uchaguzi wa mwaka 2024 wanawake walipata viti 51 kati ya 80 vya Baraza la Wabunge. Hata hivyo sheria huishia mlangoni. Nani anainuka mtoto akilia usiku wa manane ni jambo lisilopigiwa kura, na filamu ya hali halisi ni moja ya njia chache za kulileta mbele ya watu walizungumze.

KABLA YA KUFUNGUA MLANGO

Siku hizi kamera imo katika simu ya mkononi, na si ajabu jirani, mwanafunzi wa chuo au mgeni akabisha hodi akiomba kupiga picha za maisha yenu. Msomaji asikatae kwa woga, wala asikubali kwa sababu ya aibu ya kukataa. Yafaa familia ikae pamoja kwanza na kumwuliza mgeni mambo haya.

Kwanza, filamu itaonyeshwa wapi, na kwa nani? Picha iliyokusudiwa darasa moja si sawa na picha itakayozunguka dunia nzima kwa miaka. Pili, je, tunaweza kusema sehemu fulani iondolewe, na mpaka lini? Ahadi hiyo iandikwe, hata kwa mistari minne, na kila upande ubaki na nakala yake. Tatu, watoto: mambo gani yao yasipigwe kabisa? Mtoto anayeoga, anayelia kwa adhabu au anayeumwa leo atakuwa mtu mzima kesho, na picha itakuwapo bado. Nne, kila mtu aliye nyumbani aulizwe peke yake, pamoja na bibi, na mfanyakazi wa nyumbani, bila mwenye nyumba kusimama karibu. Tano, ikiwa kuna fedha itakayopatikana, familia itapata nini? Siku ambazo mama aliacha genge lake sokoni ili apigwe picha ni siku za kazi zilizopotea.

Naye mtengenezaji filamu anayo wajibu wake. Asije na hadithi aliyokwisha kuiandika nyumbani kwake, akitafuta nyuso za kuijaza. Aje mara nyingi, na mara nyingine aje bila kamera, amenye viazi, abebe ndoo, ajue mtoto yupi anaogopa mbwa. Ajifunze salamu za wenyeji. Rwanda ina Kinyarwanda, na tangu mwaka 2017 Kiswahili nacho ni lugha rasmi huko. Filamu ya Kibagabaga ikiwekewa maandishi ya Kiswahili yaweza kutazamwa na kueleweka Ujiji, Bujumbura, Goma na Mombasa. Tumezoea kuelezana habari za jirani kupitia kwa watu wa mbali, ilhali lugha ya kuelezana wenyewe tunayo.

Zaidi ya yote, arudi na kazi yake kabla haijaisha. Nchini Rwanda upo utaratibu uitwao umugoroba w'umuryango, yaani jioni ya familia, ambapo majirani hukutana kuzungumza juu ya malezi, ugomvi wa ndoa na shida za nyumbani. Mkutano wa namna hiyo wafaa kuwa ukumbi wa kwanza wa filamu kuhusu mtaa, kabla ya tamasha lolote la ng'ambo. Shuka nyeupe ukutani na chombo kidogo cha kuonyeshea vyatosha. Wenye nyumba waone, wacheke, wakasirike, waseme hapa mmekosea na hapa mmesema kweli. Wakitaka jambo fulani lisahihishwe, wakati ungalipo. Wale wa Gikondo waliletewa picha zao baada ya zaidi ya miaka kumi, nao walizipokea kwa machozi. Familia ya leo haipaswi kungoja hivyo.